Kamera Unaweza Kuazima

Hotuba kwa vijana wa filamu na walimu wao, Bagamoyo

Assalaam aleykum. Tumsifu Yesu Kristo. Wazee wangu mliokaa mbele, shikamooni. Walimu, asanteni kwa kunikumbuka. Na nyie wadogo zangu mlioshonana huko nyuma chini ya feni, hamjambo?

Mie ni mtoto wa Ngamiani, Tanga. Nimeshuka stendi jana jioni, na vijana wa bodaboda wakaanza kubishana kama hili begi langu refu lina bunduki au fimbo za kuvulia. Nikawaambia ni miguu ya kamera. Mmoja akadakia, "Basi dada, unatutoa lini?" Nikacheka, nikapanda, tukaondoka.

Mwenyeji wangu amenitambulisha hapa kama mwongozaji na mpiga picha wa filamu wa kujitegemea. Kwa heshima yake sikumkatiza. Ila nyie mnataka kuifanya kazi hii, kwa hiyo mna haki ya kujua hayo maneno yamebeba nini. Filamu zangu mwenyewe, zile ninazoandika, kuongoza na kushuti, zinachukua sehemu ndogo ya mwaka wangu. Sehemu kubwa ni harusi. Zikipungua harusi, hasa mwezi wa Ramadhani, zinakuja kazi za mashirika: vyoo bora, kina mama wa mwani, vikoba. Nikikutana na wenzangu wa filamu Dar es Salaam, wengi hiyo sehemu kubwa wanaificha. Ukisoma wasifu wa mtu unaona filamu tatu na tuzo moja, hakuna harusi hata ya kusingiziwa. Unajiuliza huyu miaka yote hiyo alikuwa anakula nini.

Kwa hiyo naanzia hapo wanapoficha.

Harusi zetu za Pwani, mnazijua, zina upande wa wanaume na upande wa wanawake. Upande wa wanaume kuna ndoa, kahawa, picha na mashehe, basi. Upande wa wanawake ndiko kwenye shughuli yenyewe. Mabuibui yanavuliwa, nywele zinaonekana, somo, yaani kungwi wa bibi harusi, anafanya kazi yake, taarabu inapigwa, watu wanacheza na kutunzana. Humo mwanamume haingii, na kamera yake haingii. Nilipoanza, wanawake wenye kamera Tanga ungewahesabu kwa mkono mmoja na vidole vingebaki. Mama mmoja alikuwa anamwoza binti yake, akataka kumbukumbu ya siku ya singo, ile ya kumsugua bibi harusi manukato, na ya ukumbini. Akaniita kwake, akanikaribisha chai na vitumbua, akauliza maswali mawili. La kwanza, nani ataihariri hiyo kanda? La pili, ikishahaririwa itakaa wapi?

Hakuuliza kamera ni aina gani, wala ina lenzi ngapi. Nami kwa kweli kamera ilikuwa ya kuazima.

Nilimjibu nitahariri mwenyewe, mlango umefungwa, na kaseti nitazileta zote mkononi mwake, nzima na vipande. Nikafanya hivyo. Alipozishika, akanipa namba ya dada yake wa Muheza na ya wifi yake wa Pangani. Biashara yangu yote ya mwanzo ilitoka kwenye yale maswali mawili. Mpaka leo nina utaratibu ule ule, ila sasa umeandikwa kwenye karatasi: picha za ukumbi wa wanawake hazihaririwi na mtu mwingine, hazirushwi kwa simu, hazitumiki kujitangazia, na mwenyewe akitaka nifute mbele ya macho yake, nafuta. Kuna vijana wananiambia, "Aunti, unajinyima matangazo." Sawa, najinyima. Lakini siku nilipotaka kutengeneza filamu fupi kuhusu wajane wa wavuvi, sikuhangaika kubisha hodi. Majumba yale nilishaingia, na kina mama wale walishajua nikiondoka na sura zao nazipeleka wapi.

Mtu atasema hayo ni mambo ya harusi, sanaa iko wapi? Nitamjibu kwamba harusi imenifundisha kushuti kuliko kitu kingine chochote. Kwenye filamu ukikosea unasema "kata, turudie". Bibi harusi akifunuliwa ukaya, amefunuliwa. Mama yake akilia, analia mara moja, tena anageukia ukutani. Ukisubiri uone machozi ndipo uzungushe kamera, umechelewa. Nilijifunza kutazama mikono. Mtu anayekaribia kulia anaanza kutafuta ncha ya kanga yake kabla hata midomo haijacheza. Nikiuona ule mkono unahangaika, nimeshamgeukia. Leo nikimwongoza mwigizaji, sehemu ya huzuni naianzia mkononi, na nikimwona anakimbilia uso namrudisha.

Halafu kuna taa za ukumbini. Nawaambia hili kwa sababu bado naona kazi za vijana zina mistari inayopanda na kushuka ukutani, na mwenyewe anadhani kamera mbovu. Umeme wetu ni wa mizunguko 50 kwa sekunde, kwa hiyo tyubulaiti zile za zamani zinawaka na kufifia mara 100 kwa sekunde. Jicho halijui, kamera inajua. Sasa wewe una kamera aliyokuletea mjomba kutoka Marekani, ambako umeme ni wa mizunguko 60. Imekuja imepangwa fremu 30 kwa sekunde, na shata, yaani muda ambao kila fremu inapokea mwanga, moja ya 60 ya sekunde. Ukiingia nayo ukumbini, picha inacheza. Shusha fremu ziwe 25, shata weka moja ya 50, inatulia. Ikiwa kuna mwanga wa kutosha, moja ya 100 nayo inakubali. Ni jambo la nusu dakika, lakini nimeona mtu akikatwa nusu ya malipo na wenye harusi kwa ajili ya hiyo nusu dakika.

Sasa nyuso. Hapa nitakaa kidogo, maana ndipo ninapogombana na watu.

Twendeni pamoja pale Mji Mkongwe wa hapa Bagamoyo. Kuna mzee amekaa kwenye baraza ya nyumba yake, kanzu nyeupe, kofia ya vito, nyuma yake ukuta wa chokaa. Saa sita na nusu mchana. Jua la hapa kwetu halina huruma. Mapema Machi na mapema Oktoba linapita juu ya utosi kabisa, kivuli chako unakikanyaga. Unamtoa mzee mbele ya ukuta, unamsimamisha juani kwa sababu "kuna mwanga wa kutosha", unaiachia kamera ijipimie. Kamera haijui mzee ni nani. Inapima fremu nzima na kuivuta iwe kijivu cha wastani. Kanzu nyeupe, ukuta mweupe, mchanga unaometa: inaona weupe umezidi, inafunga tundu la mwanga. Kanzu inatoka vizuri sana. Mzee mwenyewe anakuwa meno na mashimo mawili ya macho.

Watu wakiona picha ile wanasema, "Weusi wetu ndio unasumbua." Uongo. Siku za filamu za rangi za mkanda, maabara nyingi zilipima rangi kwa kadi yenye picha ya mwanamke mweupe. Wenyewe waliziita kadi za Shirley. Kila kitu kilipimwa kwa ngozi yake. Na kwa maelezo ya watu waliofanya kazi ndani ya Kodak, walianza kuhangaika na rangi za kahawia baada ya watengenezaji wa samani na wa chokoleti kulalamika kwamba bidhaa zao hazitofautiani kwenye picha. Yaani kabati lilisikilizwa. Kamera za siku hizi ni nzuri mno, hazina kisingizio hicho. Aliyebaki na kisingizio ni mpiga picha.

Basi mtoe mzee juani. Mwingize mlangoni, kwenye kile kivuli cha mlango wa nakshi, hatua mbili ndani, uso unatazama nje. Jua linalopiga ukuta wa jirani na mchanga wa njiani linarudi kwake likiwa limelainika, na hapo umepata taa kubwa kuliko yoyote utakayokodi Dar es Salaam, bure. Zima upimaji wa kamera. Pima uso. Fungua lenzi mpaka uone mikunjo ya paji la uso na ule mng'ao wa shavuni, kwa sababu ngozi nyeusi picha yake ni mng'ao. Inaupokea mwanga mpana na kuurudisha. Nje ya mlango kukiungua kidogo, kuungue, hakuna aliyekuja kutazama ukuta. Ukiona uso umekuwa bapa, mwombe mwenye nyumba baibui, litundike upande mmoja, shavu lile litapata kivuli. Nimefanya hivyo mara nyingi kiasi kwamba mafundi taa wangu wananiita Mama Baibui. Sikatai.

Kitu kingine cha hapa kwenu ambacho naona waandishi wa skripti kutoka mjini wanakisahau: pwani hii inatazama mashariki. Jua linatoka baharini, linazama bara. Mara ngapi nimesoma "wapenzi wanatazama jua likizama baharini, Bagamoyo". Hao wapenzi wavuke Zanzibar upande wa Forodhani, au waamke saa kumi na moja alfajiri. Na maji nayo. Kipindi cha bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, dau lililokuwa linaelea kwenye shoti ya asubuhi, mchana limelala ubavu mchangani na bahari iko mbali kule. Ukisema utamalizia kesho saa ile ile, kesho maji yanachelewa kama dakika 50. Kwa hiyo ratiba ya kushuti ufukweni anaipanga mvuvi, kwa kuuangalia mwezi. Mlipe posho kama mtu mwingine yeyote wa timu.

Nimeulizwa na mwalimu nizungumzie kuongoza na kushika kamera kwa wakati mmoja, kama ni jambo la kujivunia. Wapo wakubwa wanaofanya hivyo. Steven Soderbergh anashuti filamu zake na kujiandika kwa jina la Peter Andrews, majina aliyoyachukua kwa baba yake. Alfonso Cuarón alishuti mwenyewe filamu yake ya Roma, na mwaka 2019 akachukua Oscar ya upigaji picha. Msidanganyike na hilo. Nyuma ya hao kuna mtu wa fokasi, kuna watu wa taa, kuna msaidizi anayeshika skripti na kukumbuka sahani ilikuwa mkono gani. Sisi tunaposema "nafanya mwenyewe" mara nyingi tunamaanisha hatuna hela ya kumlipa mwingine. Si aibu, lakini tusilibatize jina la kipaji.

Tena kuna gharama yake. Jicho likiwa kwenye kioo cha kamera, linatazama kingo za fremu, fokasi, maiki isichungulie. Mwigizaji anaweza kusema uongo mtupu mbele yako, nawe ukasema "safi!" kwa sababu mwanga ulikaa vizuri. Kwa hiyo nina kanuni yangu. Sehemu ya kutembea, ya kazi, ya watu wengi, nashika kamera. Sehemu ya watu wawili kusemezana jambo zito, kamera nampa kijana wangu, nami nakaa chini karibu na waigizaji, hata kioo cha kutazamia sikitaki. Nasikiliza. Sauti haifichi kitu. Waigizaji wa Tanga wananijua, wakiona nimefumba macho wanaanza kutetemeka.

Na kwa wale wanaohesabu umri: Ousmane Sembène, mwongozaji wa Senegal, alikuwa kuli bandarini Marseille, Ufaransa, akaandika riwaya, akiwa karibu na miaka 40 ndipo akaenda kusomea filamu Moscow, kwa sababu aliona watu wake wengi hawasomi vitabu. Filamu yake ya kwanza ya kuigiza ilitoka mwaka 1963, ya dakika 20 hivi. Kwa hiyo wewe wa miaka 23 unayeniambia umechelewa, kaa chini.

Sasa nataka niwapeleke kwetu, mkoa wa Tanga, milimani. Korogwe kuna mahali panaitwa Vugiri, juu huko Usambara, mashamba ya chai na ukungu. Kati ya mwaka 1935 na 1937 pale palikuwa na studio ya filamu. Waingereza wawili, Meja Notcutt na Bwana Latham, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani na baraka za serikali ya kikoloni, walitengeneza pale filamu fupi 35. Zilihusu kulipa kodi, kuweka akiba posta, kilimo, afya. Waigizaji walikuwa watu wetu. Walioosha mkanda gizani, baadhi walikuwa vijana wetu. Picha hazikuwa na sauti ndani. Sauti ilichezwa pembeni kwenye sahani za gramafoni, ili lugha iweze kubadilishwa kadiri lori linavyosafiri. Na lori lilisafiri kweli: Tanganyika, Kenya, Uganda, mpaka Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, skrini ikitundikwa usiku watu wakikaa chini.

Kila nikipita Korogwe nawafikiria wale waigizaji. Walikuwepo kwenye picha, lakini mkanda haukuwa wao. Hawakuamua nini kishutiwe, hawakuamua ikaonyeshwe wapi, na jioni walirudi nyumbani na ujira wa siku. Mnaweza kusema huo ni ukoloni, umepita. Nawauliza, umepita?

Miaka ya 2000, soko letu la filamu za kanda na baadaye diski lilikuwa na utaratibu ambao kila aliyekuwepo anaujua. Unaleta filamu yako kwa msambazaji. Anaitazama, au hata haitazami, anatazama sura iliyoko kwenye kava. Anakupa fedha mara moja, mnasaini karatasi, na karatasi ile inasema kazi na haki zake zote ni zake. Fedha ile kwa wakati ule ilionekana nyingi. Ililipa deni la chakula cha krew, ikanunua bati. Miaka ikapita. Diski zikafa, ikaja televisheni ya kulipia, ikaja YouTube. Filamu ile ile inazunguka, inatazamwa na Waswahili wa Oman na Minnesota, na aliyeitengeneza anaitazama kwa bando lake kama mtazamaji mwingine. Nina rafiki, mtu wa kamera mzuri kuliko mimi, kazi zake za ujana zote ziko hivyo. Alipotaka kipande cha dakika mbili cha kazi yake mwenyewe aoneshe kwenye maombi ya ufadhili, aliambiwa anunue.

Ndiyo maana nawaambia, kamera unaweza kuazima. Lenzi unaweza kukodi. Nimeshuti kwa simu, nimeshuti kwa kamera za watu wengine, na hakuna mtazamaji aliyewahi kuniuliza. Kitu ambacho huwezi kukiazima mara kikishatoka mkononi ni kazi yenyewe. Mama yule wa singo alikuwa analijua hili kabla yangu: kikishapigwa, kitakaa wapi?

Sheria yetu ipo, ya Hakimiliki na Hakishiriki, Na. 7 ya mwaka 1999. Haki yako inazaliwa pale pale unapoitengeneza kazi. Kuisajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kunakusaidia kuthibitisha siku mkigombana. Lakini sheria haitakuokoa na sahihi yako mwenyewe. Msambazaji au kituo kikitaka filamu yako, usiuze, pangisha. Andika kwa miaka mingapi, kwa nchi zipi, kwa njia ipi, televisheni peke yake au na mtandaoni. Neno moja linalonifanya nivae miwani ni "milele". Nikiliona, naomba kalamu. Mara nyingine wanakubali haraka mpaka unashangaa, kwa sababu karatasi ilinakiliwa mahali na wao hawakuisoma.

Kuna kifungu kingine ambacho kwenye kazi za mashirika kinapita kimya kimya: vipande ghafi. Shirika linakulipa filamu ya dakika 10 kuhusu wakulima wa mwani Mlingotini, mkataba unasema "na picha zote zilizopigwa". Wewe umepiga saa nyingi, humo mna nyuso za kina mama wamesimama majini, mna mtoto aliyepita na wimbo. Baada ya miaka nyuso zile zinatokea kwenye bango la jambo jingine kabisa, na yule mama wa Mlingotini anakuuliza wewe, haulizi shirika. Mie naandika kwamba wao wanapata filamu iliyokamilika, na vipande ghafi vinabaki kwangu, na vikitakiwa tunarudi kumwuliza aliyepigwa. Kazi moja ilinikosa kwa kifungu hicho. Ilikuwa nzuri, yenye hela, na nilikula dagaa mwezi huo.

Ukishavibakiza, uvitunze. Ukishuti kwa megabiti 100 kwa sekunde, saa moja inakula kama gigabaiti 45. Diski moja siyo hifadhi, ni bahati. Ziwe mbili, nyumba mbili tofauti. Na lenzi zenu, kwa chumvi na unyevu huu wa pwani, zinaota kuvu ndani ya vioo mkiziacha kwenye begi kabatini. Mie nazihifadhi kwenye ndoo ya plastiki yenye mfuniko unaobana, na vile vifuko vya chembe za kukausha unyevu vinavyokuja kwenye maboksi ya viatu. Omba madukani, wanavitupa.

Kuhusu vibali nitapita haraka maana mna mwalimu wa somo hilo. Bodi ya Filamu ipo kwa sheria ya mwaka 1976, kibali cha kushuti na ukaguzi wa filamu unapita kwao. Droni ni habari nyingine, ina vibali vyake vya anga. Na kwenye magofu ya Kaole msiende na kamera kubwa mkategemea kumbembeleza mlinzi. Andikeni barua mapema.

Mmoja wenu aliniandikia kuuliza ni bajeti gani ndogo kabisa inayowezekana, akamtaja Robert Rodriguez, ambaye mwaka 1992 alitoka na filamu iliyosemekana kugharimu dola 7,000, ameiongoza, ameishuti na kuihariri mwenyewe. Ni kweli, na ni jambo la kupendeza. Lakini hizo 7,000 ni za kuishuti. Studio ya Hollywood iliyoichukua ilimwaga fedha nyingi kuliko hizo mara kadhaa kurekebisha sauti na kuihamishia kwenye mkanda wa kuoneshea sinema. Hadithi hii mkisimuliwa, muulize kila mara: nani alilipia sauti? Filamu zetu nyingi zinafia hapo. Picha imependeza, mtu anaongea kama yuko ndani ya mtungi. Mkiwa na shilingi ya mwisho, nunueni maiki. Upepo wa kaskazi hapa ufukweni hauheshimu msanii. Funika maiki kwa kipande cha manyoya bandia, hata cha mdoli, na shuti mazungumzo yenu ndani ya kuta za mawe.

Mama yangu alipokuwa msichana alikwenda ukumbi wa sinema wa Majestic, pale Tanga mjini, kutazama filamu za Kihindi na shoga zake. Hawakujua Kihindi. Walitoka wanaimba. Alipokuja kuona filamu yangu ya kwanza, ilikuwa kwenye kibanda cha video huku kwetu, viti vya plastiki, mbu, na nje mtu anauza mihogo ya kukaanga. Aliitazama mpaka mwisho. Kisha akauliza kwa nini yule mama kwenye filamu anapika ubwabwa bila kuchambua mchele. Nilikuwa na majibu ya mwanga na lenzi. Kwa hilo sikuwa na jibu, kwa sababu mwigizaji hakuwahi kupika. Tangu hapo waigizaji wangu wanapika. Chakula kinacholiwa kwenye filamu zangu ndicho kinacholiwa na krew mchana, na bajeti imepungua.

Muda wangu naona mwalimu anautazama. Pale mezani nimeweka nakala za mkataba mtupu ninaoutumia, wa harusi na wa filamu, kwa Kiswahili. Chukueni, piga picha kwa simu, rekebisheni mnavyotaka. Kwenye ule wa harusi kifungu cha ukumbi wa wanawake nimekiwekea alama, kina dada mkisome vizuri. Anayetaka kujaribu ile habari ya mlango na baibui, kesho saa nne asubuhi nitakuwa Mji Mkongwe, upande wa Boma la kale. Baibui nitakuja nalo. Mzee wa kupigwa picha mtafute nyie, na mmwombe ruhusa kabla sijafika.

Haya, maswali. Tuanzie nyuma kwenye feni, maana wa mbele wataniuliza kuhusu droni.